Kumdhibiti kidomozi wa michungwa kwenye kitalu na shamba changa

Mvua za vuli zikishanyesha kwa juma moja au mawili, michungwa ya Muheza na wilaya jirani za Tanga huchipua kwa pamoja, na ndipo wenye vitalu wanapoanza kuulizana juu ya michirizi ya rangi ya fedha inayopinda na kujizungusha kwenye majani machanga. Wengine hudhani ni ugonjwa, wengine husema ni njia ya konokono, na wapo wanaokwenda duka la pembejeo siku hiyohiyo na kurudi na dawa yoyote watakayopewa. Anayeichora michirizi hiyo ni kiwavi wa nondo mdogo mno ambaye wanasayansi humwita Phyllocnistis citrella, na mabwana shamba wetu humwita kidomozi wa michungwa. Asili yake ni Asia ya Kusini na Kusini-Mashariki. Alipewa jina lake la kisayansi mwaka 1856 kutokana na vielelezo vilivyotoka Calcutta, India, na leo yumo karibu kila sehemu ya dunia inayolima machungwa.

Mwongozo huu nimeuandika kwa ajili ya mtu mwenye kitalu, kiwe cha miche mia mbili au elfu mbili, na kwa mkulima ambaye michungwa yake haijatimiza miaka minne shambani. Kila hatua iliyomo inatokana na jambo moja, nalo ni kwamba kidomozi huchagua jani kwa umri wake. Mwenye kuzijua zile siku chache ambazo jani lingali laini, akafanya kazi yake ndani ya siku hizo, atatumia dawa kidogo sana au hatatumia kabisa. Asiyezijua atapulizia mwaka mzima na michirizi ataendelea kuiona.

Hatua ya kwanza: Hakikisha kwamba ni kidomozi

Chuma jani changa lenye mchirizi, liinue kuelekea kwenye mwanga, kisha ulitazame kwa lenzi ya mkononi. Ile inayokuza mara 10 inatosha. Utaona kwamba ngozi ya nje ya jani imebanduka na kuinuka kama nailoni nyembamba, na hewa iliyoingia chini ya ngozi hiyo ndiyo inayoleta mng'ao wa fedha. Katikati ya njia umepita mstari mwembamba mweusi, ambao ni kinyesi cha kiwavi. Ufuate mstari huo kwa macho kutoka pale njia ilipo nyembamba kama uzi hadi pale inapokuwa pana zaidi, na mwisho wake utamkuta mwenyewe: kiwavi bapa, asiye na miguu, wa rangi ya manjano inayoelekea kijani, ambaye mwanga unapenya mwilini mwake na urefu wake ni kama milimita 3 anapokuwa amekomaa. Ukiibandua ngozi ya jani taratibu kwa ncha ya sindano, atajikunja na kujinyoosha mara kadhaa, kisha ataanza kunywea kwa ukavu wa hewa, kwa sababu hana uwezo wa kuishi nje ya jani wala wa kuhamia jani jingine.

Mara nyingine njia huwa tupu lakini ukingo wa jani umejikunja kama pindo la nguo. Ufungue mkunjo huo kwa kucha. Ndani yake utakuta nyuzi chache za hariri na pupa wa rangi ya kahawia, au ganda lake tupu ikiwa nondo ameshatoka. Tofauti kati ya pupa na ganda tupu ni ndogo kwa macho lakini ni kubwa kwa uamuzi wako, maana maganda matupu yakiwa mengi ujue unatazama habari za majuma yaliyopita.

Wapo wadudu wengine wanaoharibu majani hayohayo machanga, na kila mmoja anahitaji tiba yake. Vidukari hukunja majani pia, lakini hawaachi njia yoyote. Huacha utomvu mtamu unaonata vidoleni na kuvuta sisimizi. Kiwavi wa kipepeo Papilio demodocus hula jani zima kuanzia ukingoni; akiwa mdogo hufanana na kinyesi cha ndege, akikua huwa wa kijani, na ukimgusa hutoa pembe mbili laini zenye harufu kali. Huyo dawa yake ni vidole vyako: mtoe, umponde, uendelee na kazi. Ukiona vijipu upande wa juu wa jani na vishimo vidogo upande wa chini, huyo ni Trioza erytreae, naye ni wa kumtazama kwa makini kuliko wote, kwa kuwa ndiye anayeeneza ugonjwa wa kijani wa michungwa, ambao hauna tiba.

Jina la kidomozi nalo huleta mkanganyiko. Kahawa ina vidomozi wake wa jamii nyingine, wanaoacha mabaka mapana ya kahawia, na mkorosho una nondo wake, Acrocercops syngramma, anayejulikana sana India, ambaye huacha malengelenge mapana juu ya majani machanga. Mwenye shamba lililochanganya mikorosho na michungwa, kama yalivyo mengi ya pwani, asihofu kwamba huyu wa michungwa atahamia kwenye mikorosho. Miti yake ni mchungwa, mchenza, mlimau, mndimu, mdanzi, mbalungi na mfurungu.

Hatua ya pili: Zijue siku zake

Nondo mwenyewe ni vigumu kumwona hata ukimtafuta. Akitua, mwili wake una urefu wa milimita 2 hivi, na mabawa yakikunjuliwa hayazidi milimita 4 au 5 kutoka ncha hadi ncha. Ni mweupe wa kung'aa, ana mistari ya kahawia kwenye mabawa ya mbele, na kila bawa la mbele lina nukta nyeusi kwenye ncha yake. Mchana hujificha chini ya majani, na shughuli zake hufanywa kuanzia magharibi hadi alfajiri. Jike hutaga mayai moja moja, mara nyingi upande wa chini wa jani karibu na mshipa wa kati, na kwa uhai wake wote anaweza kutaga mayai 50 hivi. Yai linafanana na tone dogo la umande ambalo halikauki jua linapochomoza.

Yai huanguliwa baada ya siku 2 hadi 10 kutegemea joto. Hapa ndipo penye siri inayowashinda wengi: kiwavi anapoanguliwa huingia ndani ya jani moja kwa moja kupitia chini ya yai, bila kutembea juu ya jani hata kidogo. Kuanzia saa hiyo amefunikwa na ngozi ya jani kama mtu aliyejifunika shuka, na dawa inayoua kwa kumgusa mdudu haimfikii. Hukaa humo siku 5 hadi 20 akifyonza maji ya seli za ngozi ya jani, kisha huacha kula, hukunja ukingo wa jani kwa hariri na kugeuka pupa. Maisha yake yote, tangu yai hadi nondo, huchukua kati ya siku 13 na 52. Kwa joto na unyevu wa pwani yetu ni majuma mawili hadi matatu, na ndiyo maana msimu mmoja wa mvua unatosha kwa vizazi kadhaa.

Sasa lilinganishe hilo na umri wa jani. Jike huyataka majani yanayofunguka, yale ambayo bado yana rangi ya kijani cha maji na yanakunjika bila kuvunjika. Jani likishakomaa, likawa gumu na kijani kilichokolea, kidomozi hana haja nalo, na michirizi iliyopo juu yake ni kovu tu. Katika kitalu changu jani hupita kutoka kwenye ulaini hadi ugumu kwa majuma mawili au matatu wakati wa joto, zaidi kidogo wakati wa kipupwe. Hizo ndizo siku za kazi. Nilipoanza kulea miche nilikuwa nikisubiri michirizi ienee ndipo nipulizie, na nilipulizia kwa bidii sana, nikiilowesha miche hadi inachuruzika. Kumbe viwavi walikuwa wameshageuka pupa kwenye mikunjo ya majani, na majuma mawili baadaye machipukizi mapya yalichorwa upya kama vile sikufanya lolote. Niliharibu dawa, na niliua pia wadudu walionisaidia.

Hatua ya tatu: Amua kama mti unahitaji msaada wako

Mti uliokomaa, wenye umri wa zaidi ya miaka minne na majani mengi, uache. Hili wakulima huona vigumu kulikubali, kwa kuwa macho huenda moja kwa moja kwenye ncha za matawi zilizojikunja na mtu huona kama mti mzima unaumwa. Lakini hesabu majani ya mti huo. Machipukizi yaliyoharibika ni sehemu ndogo ya majani yote, na hata jani lililochorwa halijafa: kiwavi amekula seli za ngozi tu, nyama ya jani iliyo chini yake bado ni ya kijani na sehemu kubwa inaendelea kuutengenezea mti chakula. Ndiyo sababu ninakataza kabisa kuchuma au kukata majani yenye michirizi kutoka kwenye mti. Ukiyakata unaunyima mti chakula, na zaidi ya hapo unauchochea kuchipua tena, yaani unamwandalia nondo mahali pa kutaga.

Mche wa kitalu na mti wa mwaka wa kwanza hadi wa tatu ni habari nyingine. Mche uliobebeshwa (yaani uliounganishwa na kikonyo cha mti wa aina nyingine) majuma machache yaliyopita unaweza kuwa na majani kumi tu, na manane kati ya hayo yakawa machanga. Yakijikunja yote, ukuaji husimama, kikonyo hudumaa, na siku ya kuuza hurudi nyuma kwa miezi. Huu ndio mti unaostahili muda wako na fedha zako.

Kuna hali moja inayobadilisha hesabu hii. Katika nchi zenye ugonjwa wa madonda ya michungwa, unaoletwa na bakteria Xanthomonas citri, michirizi ya kidomozi huwa ni vidonda vilivyo wazi ambamo bakteria huingia kwa urahisi, na hapo hata mkulima wa miti mikubwa hulazimika kumdhibiti. Ukiona kwenye majani au matunda vidonda vilivyoinuka kama gome, vyenye duara la manjano pembeni, mwite ofisa ugani kabla hujahamisha mche wowote.

Hatua ya nne: Kagua machipukizi kila juma

Chagua siku moja ya juma na usiibadilishe. Asubuhi, jua likiwa bado liko upande, ndio wakati mzuri, kwa sababu mwanga unaopita pembeni huonesha mng'ao wa mchirizi hata ukiwa mfupi kama punje ya mchele. Pita kitaluni kwa mstari wa kukatiza, chukua miche 20 kutoka pembeni na katikati, na kwa kila mche geuza majani matatu yaliyo machanga zaidi. Andika kwenye daftari mambo matatu: ni miche mingapi kati ya hiyo inachipua, ni mingapi ina mayai au viwavi hai, na ni mingapi ina michirizi mitupu. Ukiwa na miche mingi, gawa kitalu kwa matuta na ukague kila tuta peke yake, maana miche iliyobebeshwa siku moja huchipua siku moja, na mara nyingi tuta moja linahitaji kazi huku la pili halihitaji.

Kipimo ninachotumia mwenyewe ni hiki: ikiwa zaidi ya nusu ya miche inachipua na nikakuta mayai au viwavi hai kwenye miche minne au zaidi kati ya 20, naanza kunyunyizia siku hiyohiyo jioni. Ikiwa viwavi wapo lakini majani mengi yameshakuwa magumu, sigusi kitu. Kipimo hiki si sheria, na mwenye kitalu mahali pengine ataweza kukirekebisha baada ya msimu mmoja wa kuandika daftari lake.

Ipo pia mitego yenye harufu ya jike, ambayo huwavuta madume na kuwanasa kwenye karatasi yenye gundi. Inafaa kwa kujua nondo wanaongezeka lini. Haifai kwa kuwamaliza, kwa kuwa dume mmoja aliyesalia hujamiiana na majike wengi, na kwa kitalu cha kawaida naona macho na lenzi vinatosha.

Hatua ya tano: Panga uchipuaji wa miti

Kwa kuwa kidomozi hufuata machipukizi, njia ya kwanza ya kumdhibiti ni kuyafanya machipukizi yatoke kwa pamoja na yamalize haraka. Mti unaochipua kidogo kidogo mwaka mzima humlisha mwaka mzima. Shambani, pogoa mara moja tu kwa mwaka, na ufanye hivyo wakati wa ukavu ambapo nondo ni wachache, ili machipukizi ya kwanza yatoke kabla idadi yao haijapanda. Maotea yanayotoka chini ya ungio, yaani kwenye shina la limau lililobebeshwa, yaondoe kwa mkono yakiwa bado laini. Hayo hayana faida yoyote kwako, hukua kwa kasi, na huwa ndiyo mahali pa kwanza kidomozi anapotaga. Vivyo hivyo vichipukizi vile vyenye nguvu vinavyosimama wima ndani ya mti na visivyozaa.

Mbolea nayo ina sehemu yake. Mbolea ya chumvichumvi yenye naitrojeni nyingi, hasa urea, husukuma majani mengi laini kwa ghafla. Usiiweke katikati ya mvua ambapo daftari lako linaonesha viwavi wengi. Igawe katika vipimo vidogo, au uiweke mapema ili mche uchipue na kukomaza majani kabla. Samadi iliyooza vizuri na mboji hutoa chakula taratibu na hazileti mshtuko huo. Kumwagilia kuwe kwa mpango, kwa sababu mche unaokauka kisha ukaloweshwa ghafla hujibu kwa kuchipua nje ya wakati.

Mwenye uwezo wa kujenga nyumba ya wavu atumie wavu wa kuzuia wadudu wadogo wenye matundu membamba, uliofungwa pande zote pamoja na mlango. Wavu wa kawaida wa kivuli hausaidii kitu hapa, nondo wa milimita mbili hupita bila kukunja bawa. Kama fedha ni kidogo, jengea wavu huo sehemu moja tu ya kitalu na uiweke humo miche iliyobebeshwa karibuni, hadi majani yake ya kwanza yakomae.

Hatua ya sita: Walinde wadudu wanaomla

Huko Florida, Marekani, kidomozi aligunduliwa Homestead mwezi Mei 1993, na katika muda wa kama mwaka mmoja alikuwa ameenea jimbo zima. Wakulima walipulizia sana. Kilicholeta nafuu ya kudumu ni kinyigu mdogo aitwaye Ageniaspis citricola, ambaye asili yake ni Asia ya Kusini-Mashariki na ambaye mwaka 1994 aliletwa Florida kutoka Australia, pamoja na vinyigu wengine wa huko huko Florida waliojifunza kumtumia mgeni huyu. Sisimizi nao wameonekana huko kuwa miongoni mwa maadui wake wakubwa: huchana ngozi ya jani na kumtoa kiwavi ndani ya njia yake.

Vinyigu wa aina hiyo wapo katika mashamba yetu pia, nawe unaweza kuwaona bila chombo zaidi ya lenzi. Bandua ngozi ya michirizi kumi. Katika baadhi yake hutamkuta kiwavi mzima bali kiwavi aliyenyauka na kuwa kahawia, na kando yake kinyigu mchanga mweupe amejibana, au pupa mdogo mweusi aliyelala wazi ndani ya njia, asiye na hariri wala mkunjo wa jani. Huyo ni wako. Ukikuta wa namna hiyo kwenye michirizi minne au mitano kati ya kumi, weka bomba chini na uwaachie kazi, kwa sababu dawa kali utakayopiga siku hiyo itawaua wao waliotembea juu ya majani kutafuta viwavi, na kidomozi aliyejifunika ndani ya jani atabaki salama.

Maji moto, wale sisimizi wekundu wanaoshona viota vya majani, wengi huwachoma moto kwa sababu wanauma wakati wa kuchuma. Nawaomba wenye michungwa wasifanye hivyo. Huwinda viwavi wa vipepeo na wadudu wafyonzaji kwa ukali ambao hakuna dawa inayoufikia, na Wachina wamekuwa wakiweka viota vya ndugu zao kwenye michungwa kwa zaidi ya miaka 1,600. Kwenye kitalu hawafai, kwa kuwa mikono iko humo kutwa. Shambani waache kwenye miti, na siku ya kuvuna jipake majivu mikononi.

Hatua ya saba: Nyunyizia kwa wakati na kwa kipimo

Kinachofaa zaidi kwa kitalu, kwa maoni yangu, ni mafuta ya kunyunyizia mimea, yaani mafuta ya madini yaliyosafishwa na kutengenezwa maalumu kwa kazi hiyo. Kazi yake kubwa ni kumzuia jike asitage, kwa kuwa hulikwepa jani lenye utando wa mafuta. Hayamuui kiwavi aliyekwisha kuingia ndani, kwa hiyo ukisubiri michirizi utakuwa umechelewa. Kipimo ni mililita 5 kwa lita moja ya maji, maana yake mililita 75 kwa bomba la mgongoni la lita 15. Anza pale machipukizi yanapofikia urefu wa sentimita moja hivi, lowesha pande zote mbili za majani machanga, kisha rudia kila baada ya siku 5 hadi 10 kadiri majani mapya yanavyofunguka, hadi yakomae. Kwa kawaida ni mara tatu kwa uchipuaji mmoja. Usinyunyizie mafuta jua linapokuwa kali wala kwenye mche wenye kiu, na usiyachanganye wala kuyafuatanisha kwa karibu na dawa yenye salfa, kwani yataunguza majani. Dizeli, mafuta ya taa na oili chafu ya gari zisikaribie kitalu. Nimeona miche iliyopukutisha majani yote kwa siku tatu kwa sababu hiyo.

Mwarobaini ndio msaada wa yule ambaye hawezi kuyapata mafuta hayo. Chukua mbegu zilizokaushwa kivulini na zisizo na ukungu, menya, twanga kiini chake, kisha loweka gramu 500 za unga huo kwenye lita 10 za maji kwa usiku mmoja. Chuja kwa kitambaa, tia sabuni ya maji kidogo ili dawa ishike kwenye jani, na unyunyizie jioni ya siku hiyohiyo, kwa kuwa mwanga wa jua huivunja nguvu. Rudia baada ya juma moja. Ile ya kukisia mbegu kwa viganja ndiyo inayowafanya wengi waseme kwamba mwarobaini haufanyi kazi. Pima kwa mizani.

Viuatilifu vya viwandani nimeviweka mwisho kwa makusudi. Vile vya jamii ya pairethroidi, ambavyo ndivyo rahisi kuvipata, haviwaui viwavi walio ndani ya jani na huwaua vinyigu wote. Sivitumii kwa kidomozi. Abamektini hupenya ngozi ya jani na kumfikia kiwavi, nayo hufanya vizuri zaidi ikichanganywa na mafuta, lakini viwavi wawe bado wadogo. Imidaklopridi humwagwa kwenye udongo wa mche, hunyonywa na mizizi na kulinda majani kwa majuma kadhaa. Hata hivyo ni hatari kubwa kwa nyuki, kwa hiyo isitumike kwenye mti wenye maua au unaokaribia kutoa maua, wala karibu na kisima. Yoyote utakayoichagua, usiitumie mfululizo, ibadilishe na ya kundi lingine, kwa kuwa kidomozi huzoea. Soma kwenye kibandiko kipimo, nguo za kujikinga na siku za kusubiri kabla ya kuvuna, na uhakikishe imesajiliwa. Kwa Tanzania orodha iko kwa Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu. Chupa isiyo na kibandiko, hata kama muuzaji ni jirani yako, irudishe.

Hatua ya nane: Kabla miche haijatoka kitaluni

Nondo huyu haruki mbali kwa nguvu zake, ila husafiri vizuri sana kwenye gari la miche. Usiuze wala usihamishe miche iliyo katikati ya kuchipua. Isubiri majani yakomae, jambo linaloufaa mche wenyewe pia, kwa sababu wenye majani magumu huvumilia safari na upandaji. Siku mbili kabla ya gari kufika, pita na lenzi kwenye kila kundi la miche, fungua mikunjo ya majani, na miche yenye pupa hai iweke kando hadi uchipuaji unaofuata. Ndio mahali pekee ambapo ninaruhusu kuchuma jani: likiwa na pupa hai kwenye mche ambao ni lazima uondoke, lichume, litie kwenye mfuko wa plastiki, lifunge na uuache juani siku nzima.

Mnunuzi akikuta michirizi mikavu kwenye majani magumu akataka kupunguza bei, mkabidhi lenzi, mfungulie mkunjo mmoja aone ganda tupu, kisha mwoneshe ncha ya mche ambako majani mapya bado hayajaanza kutoka. Mweleze akipanda aanze kukagua juma la pili baada ya mche kushika, machipukizi ya kwanza yakiwa na urefu wa sentimita moja.